Maiti Ina Wenyewe

Mazungumzo kwa walimu wanafunzi, Kinampanda, Wilaya ya Iramba, Mkoa wa Singida



Barabara kuu itokayo Singida kwenda Nzega na Mwanza huteremka Mlima Sekenke humu humu wilayani Iramba, na hakuna dereva wa lori asiyeujua mteremko ule. Wananchi waishio kando ya barabara ya namna hiyo hujifunza mambo ambayo hayamo katika muhtasari wa shule yoyote. Hujifunza kupambanua mshindo wa gurudumu lililopasuka na mshindo wa gari lililopinduka. Hujifunza kuchukua shoka, kamba na maji kabla ya kukimbilia barabarani. Na tangu zamani walijifunza jambo jingine zaidi, kwamba akikutwa mtu amekwisha kata roho, kazi ya kwanza ni kumfunika. Shuka, kanga, koti, hata matawi ya mti, chochote kilichopo. Hakuna aliyeuliza kwanza marehemu ni wa kabila gani au anakwenda kwa nani.

Siku hizi kanga bado hutolewa. Lakini mara nyingi kabla kanga haijafika, simu imekwisha fika.

Jambo hilo ndilo linalostahili kuzungumzwa mbele ya watu wanaojiandaa kuwa walimu, kwa kuwa mwalimu wa kijijini ni mmoja wa watu wa kwanza kuitwa maafa yanapotokea, na simu yake ni mojawapo ya simu za kwanza kupokea picha. Suala lenyewe ni hili: mtu anayepiga picha ya maiti katika ajali, moto, mafuriko au kuzama kwa meli, kisha akaisambaza, amechukua kitu cha nani? Wengi hujibu kwamba hajachukua kitu. Kwamba jambo limetokea hadharani, kila mtu ameliona, naye amewajulisha wenzake tu. Desturi ina jibu jingine. Maiti ina wenyewe. Aliyekufa njiani, mbali na kwao, ameachwa kwa muda mikononi mwa wapita njia, nao wanamshika kwa niaba ya watu ambao bado hawajajua.

Ili uzito wa neno hilo uonekane, yafaa kukumbuka jinsi habari ya kifo inavyopelekwa. Katika sehemu nyingi za nchi hii habari hiyo haitangazwi ovyo. Hutafutwa mtu wa kuipeleka. Wazee hukaa, wakamchagua mwenye kauli ya utulivu. Akifika nyumbani kwa mfiwa haanzi na kifo. Huamkia, huomba maji, huuliza habari za mashamba na mifugo, kisha husema kwamba mgonjwa amezidiwa na kwamba ingefaa safari ianze mapema. Wakati huo jirani wawili watatu wamekwisha dokezwa, nao wamejisogeza uani kana kwamba wana shughuli zao. Mama mwenye mtoto huanza kuelewa kutokana na sauti ya mgeni, kutokana na wale jirani waliokuja bila kuitwa, kutokana na ukimya wa mume wake. Linapotamkwa neno lenyewe, tayari ipo mikono ya kumdaka. Wapo wasomi wanaouona utaratibu huo kuwa ni mzunguko wa bure. Pengine hawajapata kuipokea habari ya namna hiyo, au walipoipokea walikuwa na bahati ya kupelekewa na mtu mwenye busara.

Picha haina utaratibu. Ajali ikitokea saa tatu asubuhi, saa nne haijatimia picha imekwisha fika Dar es Salaam, Kigoma na hata Muscat. Mke wa marehemu yuko sokoni anauza vitunguu. Simu inalia, naye anaifungua akidhani ni bei kutoka kwa mchuuzi, na mbele yake anaona shati alilolipiga pasi jana usiku. Hapana mzee, hapana maji ya kunywa, hapana jirani uani. Yuko peke yake katikati ya soko, na aliyemtumia hata hamfahamu marehemu.

Mkoa wa Singida wenyewe una kumbukumbu zake. Tarehe 4 Julai 2016 mabasi mawili ya kampuni moja yaligongana uso kwa uso huko Maweni, Kintinku, wilayani Manyoni, na takriban watu 30 walipoteza maisha. Jirani na mkoa huu, tarehe 3 Desemba 2023, matope, mawe na magogo yaliporomoka kutoka Mlima Hanang na kuufunika mji wa Katesh pamoja na vijiji vya karibu. Watu zaidi ya 80 walikufa. Lakini msiba unaofundisha zaidi katika suala hili, hasa kwa walimu, ni ule wa Karatu.

Tarehe 6 Mei 2017 basi dogo lililowachukua wanafunzi wa shule ya msingi ya Lucky Vincent ya Arusha lilitumbukia korongoni huko Rhotia, wilayani Karatu. Watoto walikuwa safarini kwenda kufanya mtihani wa pamoja na wenzao wa shule nyingine. Walikufa wanafunzi 32, walimu wawili na dereva. Siku ile ile picha za miili ya watoto, wakiwa na sare zao za shule, zikaanza kuzunguka katika makundi ya simu. Wazazi waliowaaga watoto wao alfajiri, na ambao walitazamia kuwapokea jioni, walikuwa na simu kama watu wengine.

Siku mbili baadaye majeneza yalipangwa kwa safu katika Uwanja wa Sheikh Amri Abeid, Arusha, na Makamu wa Rais wa wakati huo, Samia Suluhu Hassan, akawaongoza wananchi katika kuwaaga marehemu. Picha za safu zile za majeneza zilienea nchi nzima. Zilieleza wingi wa waliokufa, zilieleza umri wao, zilieleza kilichoupata mji wa Arusha. Ni vigumu kumpata mtu aliyezitazama kisha akasema kwamba hakuuelewa msiba ule kwa sababu hakuonyeshwa uso wa mtoto aliyevunjika. Basi zile picha nyingine, zilizotoka korongoni, zilikuwa za nini?

Swali hilo halina budi kuulizwa kila mara, nalo lina majibu yanayojirudia. Jibu la kwanza ni kwamba picha inawasaidia ndugu kumtambua mtu wao. Jibu hili lina sura ya huruma, na wengi wanaolitoa wanasema kweli ya moyo wao. Hata hivyo wataalamu wanaotambua miili baada ya maafa makubwa wana mafundisho tofauti. Uso wa mtu aliyeungua, au aliyekaa majini siku mbili, humdanganya hata mama mzazi. Ndugu waliojaa hofu humwona mtu wao mahali asipokuwapo, na maiti ikazikwa na watu wasio wake. Ndiyo maana polisi wa kimataifa, Interpol, katika taratibu zao za kutambua waliokufa katika maafa, hutegemea kwanza alama za vidole, meno na vinasaba. Mchango wa mpita njia upo, nao ni mkubwa, lakini haukai katika picha ya uso. Upo katika namba ya gari, mahali na saa ya ajali, jina la hospitali walikopelekwa majeruhi, kitambulisho kilichookotwa na kukabidhiwa polisi, simu ya marehemu iliyopokelewa kwa adabu inapolia. Mambo hayo yote yanaweza kuelezwa kwa maneno matupu, na Msalaba Mwekundu unayo kazi ya miaka mingi ya kuwaunganisha watu na ndugu zao kwa njia hizo hizo.

Jibu la pili ni la mafunzo. Picha, wanasema, itawaonya wengine. Jibu hili lilisikika sana baada ya maafa ya Msamvu, Morogoro. Tarehe 10 Agosti 2019 lori la mafuta lilipinduka karibu na kituo cha mabasi. Watu wakajaa kuchota petroli kwa madumu na ndoo, na moto ukalipuka. Waliokufa walizidi 100, kwa kuwa baada ya wale waliofia pale pale wengine walifariki katika Hospitali ya Taifa Muhimbili siku moja moja, juma baada ya juma. Miili mingi haikutambulika kwa macho; vinasaba vilichukuliwa, na maziko yakafanyika katika makaburi ya Kola. Mikanda ya simu ilikuwa imekwisha enea kote: kwanza watu wakichota, wengine wakicheka, halafu watu wale wale wakiwa makaa.

Onyo lenyewe lilikuwa la kweli. Petroli iliyomwagika huwaka kwa cheche ndogo, na kila mtu alistahili kulijua hilo. Lakini onyo hilo lilikuwamo lote katika sehemu ya kwanza ya mkanda, pale watu walipokuwa bado wazima, pamoja na moshi ulioonekana baadaye. Sehemu ya pili iliongeza kitu kingine kabisa, nacho kilikuwa hukumu. Chini ya picha za miili iliyoungua watu waliandika kwamba hao ni wezi, wamevuna walichopanda. Picha haiwezi kumtenga aliyekwenda na dumu na aliyekuwa anapita njia, wala na yule aliyeingia katikati ya watu kumvuta mdogo wake atoke. Wote wamekuwa weusi namna moja. Na hata kama wote wangekuwa na madumu, kijana wa bodaboda aliyeona lita tano za bure siku ya Jumamosi si mtu wa kuanikwa akiwa uchi wa ngozi mbele ya Taifa zima, huku nduguze wakiwa bado wamekaa kwenye mabenchi ya hospitali wakisubiri majibu ya vinasaba.

Hapo pana jambo linalostahili kuangaliwa kwa makini na kila mwenye kufundisha. Mara nyingi asemaye "nawaonya" hajaongeza hata neno moja la onyo. Hakusema petroli huwaka vipi, hakusema mtu akae umbali gani, hakusema apige namba gani kuwaita zimamoto, nayo ni 114. Ametuma maiti tu. Ukitaka kujua kama nia ilikuwa ni kuonya, tazama maneno yaliyofuatana na picha.

Jibu la tatu ni zito kuliko yote mawili, na haifai kulipita haraka. Wenye hoja hiyo wanasema: wakubwa hupenda maiti zifunikwe, kwa kuwa zikifunikwa, makosa nayo hufunikwa. Pasipokuwa na picha, wanasema, meli itazama, watahesabiwa watu kumi, na mwenye meli atanunua nyingine. Nao wana ushahidi wa historia. Mwaka 1984 mpiga picha Mohamed Amin, mzaliwa wa Nairobi aliyeanza kazi yake Dar es Salaam katika miaka ya 1960, alikwenda Korem, kaskazini ya Ethiopia, pamoja na mwandishi Michael Buerk wa BBC. Njaa ilikuwa inaua watu kwa maelfu na dunia ilikuwa imegeuza uso. Filamu yao ilipoonyeshwa mwezi wa Oktoba mwaka huo, nchi tajiri zilishtuka, misaada ikaanza kumiminika, na mwaka uliofuata wanamuziki wa Ulaya na Marekani wakafanya tamasha kubwa la kuchangia. Filamu ile ilikuwa na maiti ndani yake. Vivyo hivyo mwaka 1994, mauaji ya kimbari yalipokuwa yakiendelea Rwanda, Mto Kagera ulichukua miili mpaka Ziwa Victoria, ikaopolewa na kuzikwa kwa maelfu na wananchi wa Uganda waishio pwani ya ziwa. Wauaji walikuwa wakikana. Serikali kubwa za dunia zilikuwa zikibishana juu ya jina la kuliita jambo lile. Picha za mto ule zilikuwa ushahidi, na anayesema zisingepigwa hana la kuwajibu walionusurika.

Basi ni wapi palipo na tofauti? Tofauti ipo katika kazi inayofanywa na picha. Picha ya Korem iliwahusu watu waliokuwa bado wanakufa na ambao wangeweza kuokolewa. Kila siku ya kunyamaza ilikuwa na idadi yake. Picha ya Kagera ilimkabili muuaji aliyekana. Zote mbili zilipigwa na watu waliozipeleka mahali maalumu, kwa wahariri walioziangalia, wakachagua, wakaeleza ni wapi, ni lini na ni nini kimetokea. Picha ya korongo la Rhotia haikumwokoa mtoto yeyote, na hapakuwa na mtu hata mmoja aliyekana kwamba basi limeanguka.

Inafaa kusema, kama kwa kupita, kwamba Mohamed Amin mwenyewe alikufa katika maafa yaliyopigwa picha. Tarehe 23 Novemba 1996 ndege ya Ethiopia aliyokuwamo ilitekwa nyara, ikaishiwa mafuta na kuanguka baharini karibu na ufuko wa Komoro. Kati ya watu 175 waliokuwamo, 125 walikufa. Watalii waliokuwa pwani waliinasa ajali ile katika mkanda, na dunia nzima ikaiona: ndege ikishuka, bawa likigusa maji, kisha mwili wa ndege ukivunjika. Uso wa mtu hauonekani. Anayetazama anaelewa yote, na hakuna mjane aliyemwona mumewe akiwa katika hali ambayo yeye mwenyewe asingekubali kuonekana.

Turudi kwenye hoja ya makosa ya wakubwa. Kufunika maiti na kufunika makosa ni mambo mawili, na anayeyachanganya, awe kiongozi au awe mwananchi, anafanya madhara. Meli ya MV Bukoba ilipopinduka tarehe 21 Mei 1996 karibu na Mwanza, ikiua mamia ya watu, picha zilizochapishwa zilionyesha tumbo la meli likiwa juu ya maji. Picha hizo zilitosha kabisa kuuliza kwa nini meli ile ilipakia watu namna ile, na kwa nini pwani nzima ya ziwa haikuwa na vyombo vya uokoaji. Kivuko cha MV Nyerere kilipozama karibu na Ukara tarehe 20 Septemba 2018, na watu zaidi ya 220 kufa, jambo lililowatikisa wenye dhamana lilikuwa tarakimu moja: kivuko kile kilijengwa kibebe abiria 101. Tarakimu hiyo ilikuwa na nguvu kuliko picha yoyote ya mwili uliovimba. Hali kadhalika ndege iliyotumbukia ziwani Bukoba tarehe 6 Novemba 2022, ikiwa na watu 43 na kuua 19. Ilijulikana kwa picha ya mkia uliotokeza majini, mitumbwi ya wavuvi ikiuzunguka, na watu pwani wakiivuta ndege kwa kamba. Kila aliyeiona kamba ile alijiuliza maswali yanayohusu vifaa, mafunzo na dakika zilizopotea. Picha ya namna hiyo isambae, tena isambae sana. Idadi ya waliokufa isifichwe, majina yatajwe ndugu wakisha julishwa, chanzo kielezwe, taarifa ya uchunguzi isomwe hadharani. Kiongozi anayezuia hayo kwa kisingizio cha heshima ya marehemu anaitumia kanga ya watu kwa kazi isiyo yake.

Katika kivuko kile cha Ukara lilitokea jambo jingine la kukumbukwa. Tarehe 22 Septemba, siku mbili baada ya ajali, fundi mmoja wa kivuko alipatikana akiwa hai ndani ya chombo kilichopinduka. Wakati huo maelfu ya watu walikuwa wamekwisha zungumza habari za msiba ule kana kwamba kila aliyekuwa ndani amekufa. Kasi ya simu haimjui mtu wa namna hiyo. Huko Hanang nako ulienea uvumi kwamba mlima umelipuka kama volkano, hata wataalamu wa jiolojia wakalazimika kueleza kwamba sehemu ya mlima yenye miamba dhaifu ilinyonya maji ya mvua na kumeguka. Anayepokea picha ya maiti hupoteza uwezo wa kuuliza. Macho yakisha jaa, uongo wowote ulioandikwa chini ya picha huingia pamoja nayo.

Upo upande mwingine wa shauri hili ambao haupendezi kutajwa. Tarehe 15 Januari 2019 magaidi walishambulia hoteli ya DusitD2 jijini Nairobi na kuua watu 21. Gazeti la New York Times la Marekani lilichapisha picha ya waliouawa wakiwa wameanguka juu ya meza zao. Wakenya walikasirika mno. Waliuliza, na kwa haki kabisa, kama gazeti lile lingewaonyesha Wamarekani waliouawa kwao namna hiyo hiyo. Baraza la Habari la Kenya likataka picha iondolewe na radhi iombwe. Gazeti likajitetea kwamba wasomaji wake wanahitaji kuona sura halisi ya ukatili. Utetezi huo ni ule ule wa mtu wa Msamvu, ila umevaa suti.

Ghadhabu ile ilikuwa ya haki, kwa maana dharau ya kumwonyesha Mwafrika akiwa maiti na Mzungu akiwa hai ni ya siku nyingi, tangu enzi za ukoloni. Lakini yafaa iulizwe pia: picha za Rhotia zilisambazwa na gazeti gani la kigeni? Picha za Msamvu zilitumwa na mbeberu yupi? Zilitoka mkononi mwa jirani, zikapita kwa shemeji, kwa mwalimu, kwa mwimba kwaya, kwa karani wa ofisi, kila mmoja akiongeza alama ya machozi na kuipeleka mbele. Heshima ambayo mtu anaidai kwa mgeni ni vigumu kuipata ikiwa nyumbani kwake haipo.

Wakenya wenyewe walikuwa wamekwisha onyesha njia bora miaka minne kabla ya hapo. Magaidi walipowaua watu 148, wengi wao wanafunzi, katika Chuo Kikuu cha Garissa tarehe 2 Aprili 2015, picha moja ya kutisha ya vijana waliolala katika damu ilizunguka dunia. Ndipo watu wakaanza kazi ya kukusanya majina ya wale vijana na picha zao wakiwa hai: huyu amevaa joho la shule, yule yuko na mama yake, mwingine anacheka tu. Walisema hawa wasiwe tarakimu. Anayetazama picha zile analia zaidi ya anavyolia kwa ile ya damu, na tena analia kwa ajili ya mtu mwenye jina.

Kuhusu sheria, yatosha kusema kidogo. Katiba ya mwaka 1977 inampa kila mtu haki ya kutambuliwa utu wake, inalinda maisha ya faragha na ya familia, na wakati huo huo, katika ibara ya 18, inampa mwananchi haki ya kupewa habari za matukio muhimu. Haki hizo mbili zimewekwa pamoja kwa makusudi, na hakuna inayoimeza nyingine. Ipo pia Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 kwa wanaosambaza uongo wakijua ni uongo. Lakini sheria hufika siku ya tatu, pamoja na askari na karatasi. Picha hufika katika robo saa. Katika robo saa hiyo hakuna hakimu isipokuwa aliyeshika simu.

Na miongoni mwa wanaoshika simu, mwalimu yuko mahali pa pekee. Makundi ya simu ya wazazi na kamati za shule mara nyingi husimamiwa na yeye. Watoto huazima simu za nyumbani, na asubuhi darasani huelezana walichokiona. Uchunguzi uliofanywa Marekani baada ya mabomu ya Boston ya mwaka 2013 ulionyesha kwamba watu waliotazama habari za tukio lile kwa saa sita au zaidi kwa siku, katika juma la kwanza, walikuwa na dalili za msongo mkali kuliko hata waliokuwapo penye tukio. Hao walikuwa watu wazima. Mtoto wa darasa la nne aliyeona mwili uliokatika hana pa kuupeleka. Atauchora katika daftari la hesabu, au atakataa kupanda gari kwenda zahanati. Mwalimu asiyejua mtoto ameona nini atamchapa kwa utovu wa nidhamu.

Picha ikiingia katika kundi, kazi ya mwalimu ni ndogo na inawezekana. Asiipeleke mbele, hata kwa mwalimu mwenzake, hata kwa maneno "angalia mambo haya". Amwandikie aliyeituma kando, asimfedheheshe mbele ya wote, amwulize kama ndugu wa marehemu wamekwisha kuambiwa. Swali hilo peke yake huwafanya wengi waifute. Kisha aandike katika kundi kile chenye manufaa: ajali imetokea mahali fulani, majeruhi wamepelekwa hospitali fulani, damu inahitajika, mwenye ndugu aliyesafiri leo apige simu polisi au aje shuleni asaidiwe kuuliza. Siku ya pili awape wanafunzi nafasi ya kusema walichosikia, wakae, wazungumze, wasilazimishwe. Na ikitokea kwamba mwanafunzi wa shule hiyo ndiye aliyefiwa, atafutwe mtu mzima wa kwenda kwao kwa miguu, kabla mtoto hajatoka darasani na kukutana na simu ya mtu njiani.

Picha hizi pia hazifi. Maiti huzikwa, matanga huondolewa, lakini picha hubaki katika simu ya mtu wa Tunduma asiyekumbuka hata aliipataje, na kila mwaka ikifika tarehe yake kuna anayeitoa tena. Katika basi lile la Rhotia walinusurika wanafunzi watatu, wakiwa na majeraha makubwa, wakapelekwa Marekani kutibiwa, na wakarudi nyumbani kwa wazazi wao miezi michache baadaye. Walikuwa watoto wa shule ya msingi. Sasa ni vijana wakubwa, na wana simu zao wenyewe.